Jaji si mali ya aliyemteua

Juzi tulikuwa msibani Tandika, Dar es Salaam, tumekaa chini ya turubai tunasubiri chakula, mazungumzo yakafika kwenye kesi kama yanavyofika siku hizi. Shemeji yangu akasema, "Jaji ni wa aliyemteua. Mengine yote ni joho tu." Watu wakaitikia. Kilichonichoma ni kumwona mpwa wangu, mwaka wa tatu wa sheria, naye anatikisa kichwa kukubali.

Sikujibu. Msibani hapabishaniwi. Lakini neno lile nimelala nalo na kuamka nalo, na leo namjibu mpwa wangu kwa habari za mtu mmoja: Damon Keith, jaji wa Detroit, Marekani.

Keith alizaliwa tarehe 4 Julai 1922, mtoto wa mwisho kati ya sita, mjukuu wa watumwa. Baba yake alifanya kazi katika kiwanda cha Ford. Kijana akatumikia jeshi lililowatenga weusi na weupe, akarudi, akasoma sheria Chuo Kikuu cha Howard, akamaliza 1949. Alipokuwa anajiandaa kwa mtihani wa uwakili alipata kibarua cha usafi kwenye gazeti moja la Detroit. Siku moja mwandishi mzungu alimkuta chooni na kamusi ya sheria mkononi, akamuuliza anataka kuwa nani. Wakili, akajibu. Yule bwana akamwambia aendelee kupiga deki.

Mwaka 1967 Rais Lyndon Johnson alimteua kuwa jaji wa mahakama ya shirikisho huko Michigan. Na ni pale, kabla hata hajapanda kwenda rufani, ndipo ilipomfikia kesi ninayotaka mpwa wangu aisome kwa makini.

Vijana watatu walishtakiwa kuhusiana na bomu lililolipuliwa mwaka 1968 kwenye ofisi ya CIA, shirika la ujasusi la Marekani, mjini Ann Arbor, Michigan. Ikajulikana kwamba serikali ya Rais Richard Nixon ilinasa simu za mmoja wao bila kibali cha mahakama. Mwanasheria Mkuu, John Mitchell, hakukana. Alisema hili ni suala la usalama wa taifa, na kwenye usalama wa taifa rais haombi ruhusa kwa jaji. Hoja hiyo sote tunaijua. Imevaa nguo za nchi nyingi.

Mwaka 1971 Keith akakataa. Akaamuru mazungumzo yaliyonaswa yakabidhiwe upande wa utetezi. Washtakiwa hawa hawakuwa watu wa kupendwa na wengi, na hakuna ambaye angemlaumu kama angesema tu kwamba mambo ya usalama yamemzidi kimo. Serikali ikamgeukia yeye mwenyewe, ikaiomba Mahakama ya Rufani imlazimishe kufuta amri yake. Rufani ikasimama naye. Serikali ikapanda hadi Mahakama ya Juu, na tarehe 19 Juni 1972 ikashindwa kwa kura 8 kwa 0.

Shemeji asikie hapa. Hukumu ile iliandikwa na Lewis Powell, jaji wa Mahakama ya Juu. Nixon mwenyewe ndiye aliyemteua, na Powell alikuwa ameapishwa Januari ya mwaka huohuo. Kabla ya kuvaa joho alikuwa ameandika gazetini kutetea unasaji wa namna hiyohiyo. Blackmun, mteule mwingine wa Nixon, akaungana naye. Jaji Mkuu Burger, mteule wa Nixon pia, hakupinga. Serikali ikaona heri kuiacha kesi kuliko kuonyesha ilichokisikia kwenye zile simu. Mawakili wa Marekani hadi leo wanaiita kesi ya Keith.

Najua nitaambiwa nini. Jaji wa shirikisho Marekani anakaa maisha na mshahara wake haukatwi, wakati jaji wa Mahakama Kuu wa kwetu Tanzania anastaafu akiwa na miaka 60, na kuongezewa muda kupo mikononi mwa rais. Ni kweli, na ni jambo zito, silikatai. Lakini ulinzi wa kazi haununui ujasiri. Keith alipoamuru mwaka 1970 shule za Pontiac zichanganye watoto weusi na weupe, mwaka uliofuata watu wa Ku Klux Klan, kundi la wazungu wabaguzi, walilipua mabasi 10 ya shule. Katiba haimlindi jaji na baruti. Hakuifuta amri yake.

Rais Jimmy Carter alimpandisha Mahakama ya Rufani ya Kanda ya Sita mwaka 1977. Huko, mwaka 2002, serikali ilikuwa imefunga milango ya kesi za kuwafukuza wahamiaji baada ya mashambulizi ya Septemba 11, na Keith akaandika kwamba demokrasia hufia nyuma ya milango iliyofungwa. Sentensi hii ninaielewa kwa mwili wangu. Nimewahi kumsindikiza shangazi yangu kwenye shauri la kiwanja mara tatu. Tulikaa kwenye benchi la ukumbini, yeye kashika bahasha ya kaki yenye hati, pembe zake zimelainika kwa jasho la vidole. Kila mara mlango ulifunguka kidogo, karani akatoa kichwa, akasema imeahirishwa, ukafungwa. Shangazi hakuwahi kuambiwa kwa nini. Mara ya tatu aliniuliza njiani, "Mwanangu, kwani kuna jambo tumekosea?"

Mpwa wangu aliposoma rasimu ya makala hii aliniuliza, "Mjomba, baadaye Keith walimfanya nini?" Hawakumfanya kitu. Aliendelea na kazi hadi alipofariki Aprili 2019, akiwa na miaka 96. Mwaka 2016, akiwa na miaka 94, wenzake wawili kwenye jopo waliviacha visimame vipengele vya sheria ya uchaguzi ya jimbo la Ohio vilivyowakwaza wapiga kura maskini na weusi. Yeye akapinga, na ndani ya maoni yake, kurasa kwa kurasa, akaweka picha za watu waliouawa wakati wa harakati za haki za raia, kila mmoja na jina lake na maelezo ya namna alivyokufa.