Filamu Humpa Jina, Televisheni Humlisha

Kila msimu wa tuzo ukifika, mtunzi wa muziki wa filamu hugeuka mtu mkubwa kwa dakika mbili tatu. Anapanda jukwaani, anamshukuru mwongozaji, anainua sanamu yake juu, na sisi tuliokaa kutazama tunaamini kwamba huyo ndiye aliyefika. Mtunzi wa tamthilia ya televisheni, ambaye watu hupiga mluzi wimbo wake huku wakiosha vyombo, hawamjui hata jina. Mimi naona mpangilio huu umekaa kichwa chini, miguu juu. Ukiniuliza mtunzi huivia wapi, na hupata wapi riziki ya kudumu, nitakuonyesha televisheni kwanza.

Chukua John Williams. Jina lake likitajwa leo watu hukumbuka samaki papa wa filamu ya Jaws na vita vya angani vya Star Wars, lakini kabla ya papa huyo wa 1975 alikuwa mpiga piano wa studio. Piano unayoisikia kwenye wimbo wa kipindi cha Peter Gunn, uliotungwa na Henry Mancini mwaka 1958, ni mikono yake. Katika miaka ya sitini akaandika muziki wa vipindi vya televisheni, Lost in Space kikiwa kimojawapo, na bado akiandikwa Johnny Williams. Jerry Goldsmith, mtunzi mwingine wa filamu, alipitia redio na televisheni ya CBS, kampuni ya utangazaji ya Marekani. Bernard Herrmann naye alitokea redioni, mahali ambapo hakuna picha ya kukuficha. Sauti ikikosea, kila mtu anasikia. Nadhani ndiyo maana mwaka 1960, alipopewa filamu ya Psycho, alitumia ala za nyuzi peke yake na zikatosha. Mwongozaji wake, Alfred Hitchcock, alitaka tukio la bafuni lipite bila muziki. Herrmann akautunga hivyo hivyo, akamsikilizisha, na mwongozaji akabadili msimamo.

Televisheni hufundisha kwa sababu haikupi nafasi ya kujionea huruma. Filamu kubwa inaweza kumpa mtunzi wiki sita hadi kumi na mbili. Kipindi cha kila wiki humpa siku chache, na katika siku hizo anaweza kudaiwa zaidi ya dakika ishirini za muziki: utungwe, upangwe ala, urekodiwe, uchanganywe, halafu kipindi kingine kiko mlangoni. Mwaka 1974, muziki wa filamu ya Chinatown ulitupwa wote ikiwa imebaki kidogo filamu itoke. Goldsmith ndiye aliyeitwa, akaleta mwingine kwa siku 10, na mpaka leo huo ni miongoni mwa muziki wa filamu unaosifiwa zaidi. Sijui chuo kinachofundisha mbio za namna hiyo.

Kazi yenyewe huanza kimya kimya. Mtunzi hukaa na mwongozaji na mhariri, wanatazama picha iliyokwisha kuhaririwa, wanasimamisha, wanarudisha nyuma. Swali ni moja tu, linarudiwa mara hamsini: muziki uingie wapi, utoke wapi? Mwanamke anafungua barua. Ukiuingiza muziki kabla hajaifungua, umeshamwambia mtazamaji kwamba ndani kuna msiba. Ukiuingiza akiwa anaisoma, unamsindikiza. Ukisubiri mpaka aikunje na kuiweka mezani, mtazamaji amebaki peke yake na uso wa yule mwanamke, na muziki ukija unamkuta ameshaumia. Sekunde nne tu kati ya uamuzi na uamuzi, na hakuna hata nota moja iliyokwisha kuandikwa. Hapa ndipo namtambua mtunzi mzuri: kwa mahali alipokataa kuweka muziki.

Halafu lipo lile balaa la muziki wa kuazima. Mhariri, ili picha isiwe bubu wakati wa kuihariri, huweka juu yake muziki wa filamu nyingine au wa watunzi wa kale. Mwongozaji anausikia kila siku kwa miezi, anauzoea, mwishowe anaupenda. Siku mtunzi anaitwa, anaombwa ufanane na ule lakini usiwe ule. Alex North aliionja shubiri hiyo mwaka 1968. Alitunga na kurekodi muziki kwa ajili ya 2001: A Space Odyssey, na Stanley Kubrick akabaki na ile rekodi ya kuazima. North alikuja kujua kwamba muziki wake hautumiki siku alipokwenda kuitazama filamu. Kwamba filamu ilitoka nzuri halipunguzi kitu. Kuna namna ya kumwambia mtu.

Lakini tuongee fedha, maana hapo ndipo watu wengi hawajui kinachoendelea, hata baadhi ya watunzi.

Mtunzi huwa na malipo ya namna mbili. Kuna ada ya kutunga, inayolipwa mara moja. Na kuna mirabaha, inayokuja kila muziki unaporushwa hewani, hata miaka thelathini baadaye. Mirabaha hiyo hukusanywa na vyama vya hakimiliki, kama ASCAP ya Marekani na PRS ya Uingereza, vyote vilivyoanza 1914. Vinamjuaje wa kumlipa? Kwa karatasi moja yenye sura ya daftari la duka: orodha ya kila kipande cha muziki kilichotumika, urefu wake kwa dakika na sekunde, umetumika vipi (usuli, wimbo wa kufungulia, au unapigwa ndani ya hadithi yenyewe, kama redio iliyo mezani), nani kautunga, nani mwenye fungu la mchapishaji (sehemu ya mirabaha ya anayemiliki na kusimamia muziki, mbali na fungu la mtunzi), na kila mmoja ana asilimia ngapi. Karatasi hiyo isipopelekwa, au jina likikosewa herufi, fedha zinapotea njia. Hakuna atakayekupigia simu kukutafuta.

Sasa sikia hili. Majumba ya sinema ya Marekani hayalipi mirabaha ya muziki ulio ndani ya filamu. Ni matokeo ya kesi iliyoamuliwa 1948 dhidi ya ASCAP, iliyofungwa na masharti ya mahakama ya 1950. Filamu inaweza kujaza kumbi nchi nzima mwaka mzima, na kumbi hizo zisimpe mtunzi hata senti. Katika nchi nyingi za Ulaya kumbi hulipa asilimia ndogo ya mapato ya tiketi. Televisheni hulipa huko na huko, na hulipa tena kila marudio. Ndiyo maana mtunzi wa kipindi cha kawaida kabisa, kinachorudiwa mchana wakati watu wamelala, anaweza kula vizuri kuliko aliyebeba sanamu.

Na palipo na asali, nyuki hawakosi. Wimbo wa kipindi cha televisheni cha Star Trek ulitungwa na Alexander Courage. Mwenye kipindi, Gene Roddenberry, alikuwa na kipengele kwenye makubaliano kilichomruhusu kuutungia maneno. Akautungia. Maneno hayo hayakuimbwa kwenye kipindi hata mara moja, na hayakukusudiwa kuimbwa, lakini kwa kuwa sasa alikuwa mwandishi mwenza, alichukua nusu ya mirabaha ya wimbo huo kila uliporushwa. Sheria haikuvunjwa. Kipindi kilianza 1966, kikadumu misimu mitatu tu, kisha marudio yake yakazunguka dunia. Nusu ya hayo yote, kwa mashairi yasiyoimbwa! Courage alilalamika kwamba hata kama ni halali, haikuwa haki, na mimi niko upande wake.

Delia Derbyshire yeye hakupata hata hiyo nusu. Mwaka 1963 Ron Grainer aliandika wimbo wa Doctor Who, tamthilia ya televisheni ya BBC ya Uingereza, kwenye karatasi, na Derbyshire, katika karakana ya sauti ya BBC, ndiye aliyeugeuza kuwa ule mlio wa ajabu tunaoujua: sauti ya waya mmoja uliodonolewa, mitambo ya kutoa milio, kanda zikiharakishwa na kupunguzwa kasi, zikikatwa kwa wembe na kuungwa kipande kwa kipande. Grainer alipousikia alitaka wagawane mirabaha. Taratibu za BBC hazikuruhusu. Wafanyakazi wa karakana hawakutajwa kwa majina. Jina la Derbyshire lilikuja kuonekana kwenye kipindi kwa ajili ya wimbo huo mwaka 2013. Alikuwa amefariki 2001.

Siku hizi kuna mambo mawili mapya, na ninayapima tofauti. La kwanza ni kitufe cha kuruka wimbo wa kufungulia, ambacho Netflix ilikileta 2017. Kinaniudhi, kwa sababu wimbo wa kufungulia ndio sanaa ngumu kuliko zote: sekunde arobaini za kumfanya mtu atoke jikoni mbio. Lakini tuseme kweli, nyimbo nyingine zinastahili kurukwa.

La pili ni zito. Ni mkataba wa mkupuo: unalipwa mara moja, unasaini, na mirabaha yako yote, pamoja na lile fungu la mtunzi ambalo kwa miongo mingi halikuguswa, inakuwa ya kampuni. Studio za Marekani zimezoea kumiliki hakimiliki na fungu la mchapishaji. Mtunzi alibaki na fungu lake na akaishi nalo. Mwishoni mwa 2019 kampuni moja kubwa ya chaneli za televisheni ilijaribu kulichukua hata hilo, na watunzi wakaja juu. Roddenberry angalau alijisumbua kuandika mashairi.

Kinachowaponza watunzi wa Marekani ni kwamba hawana chama cha wafanyakazi kinachojadiliana kwa niaba yao. Mwongozaji anacho, mwandishi anacho, mwigizaji anacho. Hata mpiga fidla anayepiga nota alizoandika mtunzi ana chama kilichomwekea kima cha malipo ya kila kikao. Mwenye nota anaingia kwenye majadiliano na wakili wake, kama anaye, mbele ya kampuni yenye mawakili ghorofa nzima.

Simlaumu kijana anayesaini mkupuo kwa sababu kodi ya nyumba inadaiwa. Ninachomwomba ni asome kifungu cha mirabaha kabla ya kusoma kiasi cha ada. Na kama lazima kitu kipunguzwe, aache ipunguzwe ada, fungu la mtunzi libaki kwa jina lake, halafu siku kipindi kikirushwa adai nakala ya ile karatasi na aihakiki mwenyewe, sekunde kwa sekunde.