DJ Hollywood na mlango wa Club 371

Mwaka 2023 mashabiki duniani kote walisherehekea miaka 50 ya hip hop. Tarehe inayohesabiwa kuwa mwanzo ni 11 Agosti 1973, siku Cindy Campbell alipoandaa sherehe katika jengo la 1520 Sedgwick Avenue, Bronx, jijini New York, na kaka yake Clive, maarufu kama Kool Herc, akapiga muziki. Seneti ya Marekani iliitambua rasmi tarehe hiyo mwaka 2021. Sina ugomvi na Herc. Kinachoniuma ni kwamba simulizi hilo linapozoeleka, Anthony Holloway anabaki nje, wakati bila yeye sijui rap tunayoisikia leo ingekuwa na sauti gani.

Holloway, mzaliwa wa Harlem, mtaa mwingine wa New York, wa mwaka 1954, alijulikana kwa jina la DJ Hollywood. Alipiga santuri katika vilabu vya watu wazima na pale Apollo Theater, na hakuwa wa kunyamaza nyuma ya mashine. Ma-DJ wengi wa wakati ule walishika maikrofoni ili kutaja jina la wimbo, kumsalimu fulani, au kumtangazia mtu kwamba gari lake limezuia njia. Hollywood alikaa na maikrofoni wimbo mzima.

Kwa maelezo yake mwenyewe, mwaka 1975 alichukua maneno ya wimbo wa Isaac Hayes, “Good Love 6-9969”, akayaweka juu ya “Love Is the Message” ya MFSB, bendi ya studio ya Philadelphia. Usikilize huo wa MFSB utaelewa kwa nini aliuchagua. Tarumbeta na fidla zinapanda na kushuka, ngoma inatembea bila kuchoka, waimbaji wanaingia kidogo tu kisha wanapisha. Pana nafasi tele ya sauti ya mtu. Hayes, kwake, alikuwa anajigamba kwa wanawake kwa mwendo wake wa taratibu. Hollywood akayachukua majigambo yale na kuyapima kwa mdundo mwingine kabisa, hadi kina kikaangukia palepale ngoma inapoangukia. Akaongeza vibwagizo vya kuitikiana na ukumbi: yeye anatupa mstari, watu wanaudaka na kuumalizia. Huko ndiko kuchana tunakokujua, kwenda sambamba na biti tangu mwanzo wa ubeti hadi mwisho.

Wanaomtetea Herc wana jibu, na ni jibu zito. Kuongea kwa vina juu ya muziki, wanasema, kulikuwepo kabla ya Hollywood. Watangazaji wa redio kama Jocko Henderson walifanya hivyo miaka ya hamsini, na kule Jamaika, U-Roy alikuwa anaghani juu ya santuri kabla ya 1973. Kama sauti peke yake inatosha, basi hip hop haikuzaliwa Harlem wala Bronx. Kilichokuwa kipya kwa Herc ni namna ya kuitumia santuri. Aliona vijana wanasubiri kile kipande kifupi ambapo waimbaji wananyamaza na ngoma zinabaki peke yake, akanunua nakala mbili za wimbo uleule na kuruka kutoka moja hadi nyingine ili kipande hicho kirefuke. Sekunde chache za “Apache” ya Incredible Bongo Band zikawa dakika nyingi za kucheza chini. Utamaduni wote wa kukata na kurudia vipande vya nyimbo za zamani, ambao watayarishaji wameishi nao hadi leo, umetoka hapo. Hollywood alipiga disko kwa watu waliovaa suti, na hakuwa na vijana wa kuzunguka sakafuni kwa mgongo.

Hoja hiyo naikubali nusu. Kwenye mikono, Herc na waliomfuata wanastahili sifa yao yote. Kwenye mdomo, hapana. Coke La Rock, aliyeshika maikrofoni kwa Herc, anakumbukwa zaidi kwa salamu na misemo mifupi ya kuchangamsha. Kisha tazama rap ilipoingia sokoni. “Rapper's Delight” ya mwaka 1979 ilijengwa juu ya “Good Times” ya Chic, wimbo wa disko mtupu, na watu wanapokezana mistari kwa zaidi ya dakika kumi. Huo ni mtindo wa vilabuni, ule wa Hollywood na mwenzake Eddie Cheba. Kurtis Blow, mmoja wa nyota wa kwanza wa rap kwenye santuri, hajaficha kwamba Hollywood alimfundisha mengi.

Kwa nini basi asahaulike? Wengine husema ni ushindani wa Harlem na Bronx, lakini sielewi hoja hiyo inasimamaje, maana Club 371, ngome yake kuu, ilikuwa Bronx hukohuko. Mimi naona kilichomtenga ni mlango. Mlangoni paliangaliwa umri na mavazi, na ndani wanywaji walikuwa watu wenye kazi na mshahara. Vijana wa miaka 14 walikuwa bustanini na kwenye kumbi za shule, wakimsikiliza Herc, na hao ndio waliokuja kuwa wasanii, wahojiwa na wasimulizi wa historia. Mtu husimulia alichokiona. Isitoshe, Hollywood alichelewa kurekodi: “Shock, Shock, the House” ilitoka mwaka 1980, wimbi likiwa limeshapita mbele yake na mtindo wake ukiwa mikononi mwa wengine. Alikuwa analipwa vizuri usiku kwa usiku, kwa hiyo santuri haikuwa na haraka kwake. Kosa hilo la kibiashara lilimgharimu jina.

Hata ule upande wa mikono niliomwachia Herc una nyufa. Grandmaster Flash, DJ wa Bronx aliyemfuata Herc, ameeleza mwenyewe kwamba ufundi wa kuunganisha nyimbo bila mdundo kukatika alijifunza kwa Pete DJ Jones, DJ wa disko wa watu wazima, ambaye alimwonyesha jinsi ya kuusikiliza wimbo wa pili kwenye hedifoni kabla ukumbi haujausikia. Flash akauchukua ufundi huo na kuutia kwenye vile vipande vya Herc, kwa usahihi ambao Herc hakuwa nao. Kwa hiyo anayetaka kuandika historia kamili ya ma-DJ wa mwanzo itambidi aingie vilabuni, akawatafute Jones, Cheba na Hollywood, na awaulize waliokuwa wakubwa wakati ule. Waliocheza Club 371 wakiwa na miaka 25 sasa wana zaidi ya 70.