Mbona John Quincy Adams hayumo?
Makala nzuri, ila hapo mwandishi anaposema marais wa Marekani wakishatoka Ikulu hubaki na hotuba na vitabu tu, sikubaliani naye. Rais John Quincy Adams alibwagwa na Andrew Jackson kwenye uchaguzi wa mwaka 1828, na urais wake wa muhula mmoja kwa kweli haukuwa na makubwa. Lakini mwaka 1831 akarudi Washington kama mbunge wa kawaida wa Massachusetts! Huku kwetu rais mstaafu akigombea ubunge watu si watacheka? Yeye alikaa bungeni miaka 17, akipambana na kanuni iliyozuia wabunge kujadili maombi ya wananchi ya kupinga utumwa, hadi ikafutwa mwaka 1844. Mwaka 1841, akiwa na miaka 73, alisimama Mahakama ya Juu kuwatetea Waafrika walioasi ndani ya meli ya Amistad iliyokuwa ikiwasafirisha kama watumwa, wengi wao Wamende wa eneo la Sierra Leone ya leo. Wakashinda, wakaachiwa huru. Februari 1848 alianguka akiwa kwenye kiti chake bungeni, akafia humohumo ndani ya jengo siku mbili baadaye. Rais mstaafu mwingine, William Howard Taft, naye alikuja kuwa Jaji Mkuu wa Marekani mwaka 1921. Mhariri, tunaomba sehemu ya pili.