Wallace hakuwa peke yake
Nimesoma makala kuhusu Alfred Russel Wallace, mtafiti Mwingereza wa wanyama na mimea. Hapo mwandishi anaposema Wallace alizunguka visiwa vya Malay (hasa Malaysia na Indonesia za leo) mwaka 1854 hadi 1862 na kukusanya "peke yake" vielelezo zaidi ya 125,000, yaani wanyama na wadudu waliohifadhiwa kwa utafiti, mimi nampinga. Idadi ni sawa. Wallace mwenyewe alihesabu 125,660, na zaidi ya 83,000 ni mbawakawa. Lakini hilo la "peke yake" limetoka wapi? Kuanzia 1855 alikuwa na kijana wa Kimalay kutoka Sarawak, Ali, aliyeajiriwa kupika, akaishia kuwa mpiga bunduki na mchunaji ngozi za ndege hodari kuliko wote. Ndege wa peponi wa kisiwa cha Bacan, yule mwenye manyoya marefu meupe mabegani, mwaka 1858 ni Ali aliyerudi naye kutoka msituni, kamning'iniza kiunoni. Jina la kisayansi? Likapewa la Wallace! Ila mzee Wallace tusimwonee, vitabuni mwake hakumficha Ali. Wanaomfuta ni wasimulizi wa baadaye. Nimewahi kubeba nyavu za watafiti wa popo, najua nani hulowa mvua usiku. Wenzangu mliofanya vibarua hivyo, majina yenu yaliwahi kuandikwa popote?