Kabla ya ua, maharage

Juzi kijana wetu mmoja anayesoma Osaka alikuja kunitembelea hapa Kyoto. Jioni akanionyesha picha kwenye simu yake: kitamu cha rangi ya zambarau na buluu, umbo la ajisai, lile ua linalochanua kila kona ya Japani msimu huu wa mvua. "Dada, nimejifunza kutengeneza wagashi," akaniambia, yaani vile vitamu vya jadi vya Kijapani, na furaha yake ilikuwa ya kweli kabisa. Nikamuuliza, ndani umeweka nini? Akafikiri kidogo. "Nadhani ni viazi vitamu."

Hakuna aliyemwambia. Alikaa darasani saa nzima, akalipa, akavaa aproni, akabonyeza, akapiga picha, akala alichokitengeneza, akatoka bila kujua kwamba kile alichokuwa amekishika tangu mwanzo mpaka mwisho, ndani na nje, kilikuwa maharage. Usiku ule nilichelewa kulala kwa hasira, na yeye simlaumu hata kidogo. Nawalaumu wanaouita ule mkusanyiko darasa.

Mimi mwenyewe nilianzia palepale. Mwaka wangu wa kwanza nilijiandikisha kwenye darasa la aina hiyo, ghorofa ya pili, juu ya duka la zawadi. Tulikuta kila kitu kimeshapangwa mezani: vidonge vya nerikiri, lile donge laini la maharage meupe la kufinyangia, vya waridi na vyeupe, kila kimoja kimepimwa gramu 25, na pembeni kidonge cheusi cha gramu 15 cha kuweka katikati. Kijiti cha mbao cha pembe tatu. Kitambaa chenye unyevu. Mwalimu akaonyesha, tukaiga, akapita nyuma yetu akirekebisha kwa vidole vyake, na baada ya dakika 50 kila mmoja alikuwa na maua matatu yaliyofanana na ya jirani yake. Nilirudi nyumbani nimeridhika. Nikaamini kwamba wagashi ni kazi ya kufinyanga.

Kuamini hivyo ni kama kuamini kwamba pilau ni kupakua.

Baada ya miezi kadhaa jirani yangu akanipeleka kwa bibi mmoja aliyefanya kazi kwenye duka la wagashi zaidi ya miaka 30, na sasa anafundisha watu sita jikoni kwake, Jumamosi mbili kwa mwezi. Sote tunamwita Sensei. Siku ya kwanza hatukuona rangi yoyote. Tulikuta sufuria, machujio na beseni la maharage meupe yaliyolala majini usiku kucha. Akasema, leo tunapika anko, yaani rojo la maharage.

Yakachemka, akayamwaga maji yote, akaweka mengine. Maji yale ya kwanza huondoka na ukakasi. Ukiona uchungu kumwaga maji yenye rangi nzuri, utaukuta ulimini baadaye. Kisha moto mdogo, muda mrefu, bila kuacha maharage yaruke na kugongana. Kipimo chake cha kuiva ni kuibonyeza punje moja kati ya kidole gumba na kidole cha mwisho, kile kisicho na nguvu. Ikisagika hapo, imeiva. Ikigoma, rudisha mfuniko.

Halafu ikaja sehemu ambayo hakuna picha hata moja ya mtandaoni iliyowahi kunionyesha. Maharage yanapitishwa kwenye chujio kwa maji na kiganja, maganda yanabaki juu, na chini unapata maji mazito kama uji. Unayaacha yatulie. Nyama ya maharage inazama, unamwaga maji ya juu taratibu, unaongeza mapya, unasubiri tena. Tulifanya hivyo mara tatu, mpaka maji ya juu yakawa angavu. Mwisho tukamimina kila kitu kwenye kitambaa cha pamba, tukakisokota na kukikamua kwa nguvu zote, kama mtu anayekamua nazi kwa kifumbu. Tofauti ni kwamba huku tui ndilo linalomwagwa, na machicha ndiyo mali.

Machicha hayo ni anko mbichi. Hayana utamu wowote, yanamomonyoka kama mchanga wenye unyevu. Yakarudi jikoni na sukari, kwa kipimo cha Sensei gramu 60 kwa kila gramu 100, na hapo mwiko haukupumzika. Anko ikichemka inatema matone ya moto, na alama ya tone moja ninayo mpaka leo juu ya kifundo cha mkono. Ukiacha kukoroga inashika chini, na ikishika chini harufu ya kuungua inaenea sufuria nzima, na hakuna dawa. Alipoona inafaa, akachota kwa mwiko na kuidondosha juu ya anko iliyobaki. Ikasimama kama kilima, haikutanuka. Akazima moto.

Tulianza saa tatu asubuhi, tukamaliza saa tisa alasiri. Hatukutengeneza ua hata moja. Sensei akampa kila mtu kipande kidogo cha ile anko nyeupe na bakuli la macha, ile chai ya kijani ya unga, tukala kimya. Nami nikarudi Tanga. Nikarudi kwenye maharage ya nazi yaliyotiwa sukari na iliki, jioni ya Ramadhani, sufuria imefunikwa kwa sinia, tunasubiri adhana. Nawaambia ndugu zangu wanaonicheka kila ninapotuma picha, eti "maharage matamu jamani!": sisi wa pwani tumeyala maharage matamu tangu tunaota meno.

Sasa hoja yangu. Ukiondoa maharage kwenye darasa la wagashi, hujafupisha somo. Umeondoa somo lenyewe. Yule kijana aliniambia petali za ua lake zilipasuka pembeni, mwalimu akazipangusa kwa kitambaa chenye unyevu na mambo yakaendelea. Kwa nini zilipasuka? Hajui, na hawezi kujua. Zilipasuka kwa sababu anko ilikuwa imekauka, na ilikauka ama kwa kukorogwa kupita kiasi motoni, ama kwa kukaa wazi mezani ikipigwa na hewa ya kiyoyozi. Na ikiwa laini mno, mchoro wa kijiti unajifunga mbele ya macho yako, ua linakuwa donge. Kila linalotokea mkononi lilianzia kwenye sufuria. Mtu aliyekamua kile kitambaa mwenyewe anaweza kuisikiliza anko kwa vidole na kuijibu. Mtu aliyepewa kidonge cha gramu 25 anaweza kuiga tu, na kesho akirudi nyumbani kwake hana cha kuiga.

Na si ufundi peke yake. Mila nzima imesimama juu ya maharage. Herufi zinazoandika jina la yokani, kile kitamu cheusi kinachokatwa kama sabuni ya mche, maana yake ni mchuzi wa kondoo. Ulikuwa mchuzi kweli, kutoka China, na watawa wa Kibudha wa Zen ambao hawali nyama wakaweka azuki, yale maharage madogo mekundu, mahali pa kondoo. Kanteni iliyokuja kuigandisha ilipatikana karne ya 17, na simulizi inaitaja Fushimi, hapa hapa Kyoto. (Kanteni hutokana na mwani, ingawa si ule wanaoulima akina mama wa Paje.) Azuki za Hokkaido ndizo zinazolisha sehemu kubwa ya nchi hii, lakini Sensei wangu anazionea fahari za eneo la Tamba, zile kubwa ziitwazo dainagoni, cheo cha mkubwa wa ikulu ya kale. Husimuliwa kwamba zilipewa jina hilo kwa sababu ganda lake halipasuki likichemshwa, na wenye cheo kile hawakulazimika kujipasua tumbo kama samurai. Unawezaje kumweka mtu saa nzima mbele ya utajiri wa namna hii, na usimwambie ameshika nini?

Nakubali, kwa shingo upande, kwamba mgeni mwenye treni ya jioni hawezi kukaa saa sita akisubiri maji yatulie. Nakubali pia kwamba hata maduka mengi ya wagashi hayapiki anko yao. Viko viwanda ambavyo kazi yao ni hiyo tu, na vingine vinaifanya vizuri sana. Lakini mwenye duka anajua ananunua nini, na akiletewa mbaya anairudisha. Ningeridhika na kidogo: bakuli la maharage makavu mezani, punje moja iliyoiva ya kubonyeza, kijiko cha anko mbichi isiyo na sukari ya kuonja. Dakika kumi. Kama huna dakika kumi za kumwambia mtu anachokula, basi mwite aje kupaka rangi, usimwite darasani.

Kufinyanga nako kuna heshima yake, na sitaki mtu adhani nakudharau. Tulikufikia siku ya tatu. Kazi ngumu ni kufunika, anko ya ndani iwe katikati kabisa na ngozi ya nje iwe na unene mmoja pande zote. Kiganja cha kushoto kinazungusha, vidole vya kulia vinasukuma taratibu, kisha unafunga mdomo kwa duara la kidole gumba na cha shahada. Cha kwanza changu kilionekana kizuri sana kwa nje. Sensei akachukua uzi, akakikata katikati bila kusema neno, akanigeuzia. Cha ndani kilikuwa kimejibanza ubavuni, upande mmoja ngozi nyembamba kama karatasi, upande wa pili nene kama kidole. Nilijifunza zaidi kwa uzi ule kuliko kwa maua yangu yote matatu ya ghorofa ya pili.

Kile kijiti cha pembe tatu kina kingo zisizofanana: moja huchora mstari mkali, moja mstari mpana uliolala, moja mistari miwili kwa pamoja. Hili hata kwenye darasa fupi huwa wanalieleza, na wanalieleza vizuri.

Jambo moja zaidi ambalo kijana hakupewa: jina. Kitamu cha namna hii kina jina lake, na mgeni kwenye hafla ya chai humuuliza mwenyeji jina hilo. Husemwa kwamba macho, pua, ulimi na vidole vinapata sehemu yao, na sikio linapata jina. Fundi huchagua neno linalogusa msimu bila kuutaja waziwazi. Sensei hakuruhusu mtu aondoke kabla ya kukipa jina alichokitengeneza. Changu cha Juni ile nilikiita "Paa la jirani", kwa sababu mvua huku naisikia kwanza kwenye bati la jirani. Alinyamaza kidogo, kisha akaliandika kwenye daftari lake.

Yule kijana alikwenda kwenye lile darasa kwa sababu Juni 16 ni siku ya wagashi. Chama cha watengenezaji wa wagashi kiliichagua mwaka 1979, kwa kumbukumbu ya mwaka 848, mfalme Ninmyo alipotoa vitamu kwa hesabu ya 16 akiomba magonjwa yaondoke. Alikwenda kwa moyo safi, akitaka kujua. Hicho ndicho kinachoniuma.

Kwa hiyo Jumamosi sikumwacha arudi Osaka mapema. Nilikuwa nimeloweka maharage meupe nusu kilo. Alilalamika kidogo kwenye kumwaga maji mara ya pili, akaniuliza, "Dada, mpaka lini?" Nikamwambia mpaka uone chini ya beseni. Akasubiri. Alipokikamua kitambaa alikikamua vizuri kuliko mimi. Mikono yake ina nguvu. Akaonja ile anko mbichi isiyo na sukari, akatulia, akaonja tena.

Ameondoka na nusu ya anko yetu kwenye bakuli la plastiki. Atarudi Juni 30, siku ambayo Kyoto nzima hula minazuki, kile kitamu cheupe cha pembetatu chenye azuki juu, kuaga nusu ya kwanza ya mwaka. Azuki amesema atazinunua mwenyewe.