Kwa Nini Tamthilia za Mapenzi Hazituchoshi

Kila ninaposikia tamthilia za mapenzi zikiitwa upuuzi wa kupotezea wakati, hujiuliza kama anayezilaumu amewahi kuketi na familia baada ya sala ya Isha, katika nyumba yoyote ya Majengo au Mji wa Kale hapa Mombasa, akasikiliza yanayosemwa sebuleni kipindi kikiendelea. Mama humshutumu mama mkwe wa kwenye runinga kwa kumkataa binti maskini. Shangazi humtetea, akisema kwamba kuuliza ukoo wa mtu si kiburi bali ni kujihadhari. Na msichana wa nyumba, ambaye asingethubutu kumwambia mamake kwamba yuko anayemtaka, hutoa rai yake yote kwa kumsemea yule binti. Naamini tamthilia hizi zimedumu kwa sababu hiyo hasa: zinaturuhusu kujadiliana ndoa zetu bila ya mtu kuvunjiwa heshima.

Katika mji ambao posa hupelekwa na wazee, na nasaba na mali hupimwa mapema, mapenzi husemwa kwa mafumbo. Taarabu imeifanya kazi hiyo miaka mingi. Harusini, mwanamke husubiri ubeti unaoligusa lake, kisha huinuka na kwenda kumtunza mwimbaji, noti ameiinua juu ili ionekane, na wanaohusika hufahamu anasemwa nani bila jina kutajwa. Marehemu Juma Bhalo, mwimbaji wa taarabu aliyefariki mwaka 2014, aliyachukua mahadhi ya filamu za Kihindi akayatilia mashairi ya Kiswahili, na wapenzi wake hapa Mombasa waliyapokea kama yao, kwa kuwa kisa walikijua: wawili wanapendana, wazee hawaridhii.

Tamthilia ya Maria, iliyoanza kuonyeshwa na Citizen TV mwaka 2019, na Sultana, iliyokuja mwaka 2022, zinafuata mkondo huo huo. Maria ni msichana wa mtaa wa mabanda anayejikuta katika nyumba ya matajiri. Sultana ni binti asiyeona. Katika zote mbili, swali linalomrudisha mtazamaji kesho yake ni kama jamaa watamkubali, maana kuhusu kupendwa kwake hatuna shaka.

Si kila kizuizi kina uzito, hata hivyo. Mwandishi anapoishiwa na hoja akaleta ajali ya gari na kupoteza kumbukumbu, au pacha ambaye hakuwahi kutajwa, mazungumzo ya sebuleni hukatika, kwa sababu ajali haina upande wa kutetewa. Baba anayekataa posa kwa sababu anazoziamini anao upande, na mtu anaweza kulala akiwa bado anabishana naye. Ningependa waandishi wetu wampe mama mkwe hoja nzito kuliko anazopewa sasa, kwani wanapomfanya mwovu mtupu, shangazi yule anakosa la kusema.