Debe la Mahindi na Sufuria ya Shule

Ukitaja Mombasa, wengi huwaza feri ya Likoni na Ngome ya Yesu. Lakini ukiiacha barabara kuu ya Malindi ukaingia ndani, upande wa bara wa Kisauni hadi Mwakirunge, utakuta Mombasa ya jembe: mahindi, muhogo, kunde, mchicha na minazi iliyopandwa na mababu. Katika shule za vijiji vya namna hii kuna swali lisilokwisha mikutanoni. Chakula cha mchana cha watoto kitoke wapi? Wako wanaotaka kila nyumba ilete debe la mahindi na vibaba kadhaa vya kunde baada ya mavuno, shule ipike pure, yaani mahindi na kunde zilizochemshwa pamoja. Wengine wanataka shule inunue.

Wanaotetea debe wana hoja nzito. Mzazi aliyeleta mahindi yake huichunga sufuria. Anajua kiasi kilichoingia na atauliza kilikokwenda. Watoto hula kinacholimwa kwao. Hakuna kungoja fedha kutoka Nairobi, na kila mzazi anajua zinavyoweza kuchelewa. Zaidi ya hayo, kijiji kinachoilisha shule yake huiona ni yake kweli, wala hakingoji mgeni aje kuiokoa.

Tatizo ni kalenda. Mvua kubwa Pwani, tunazoziita mvua za mwaka, huanza mwishoni mwa Machi au Aprili, na mahindi yake huvunwa Julai na Agosti. Muhula wa pili hufunguliwa mwishoni mwa Aprili au Mei mapema na kufungwa mwishoni mwa Julai au Agosti. Kwa hiyo karibu muhula mzima mtoto huwa darasani wakati shamba lingali na magugu na uchaga hauna kitu. Vuli ingeziba pengo, lakini upande wetu haitabiriki. Kati ya mwisho wa 2020 na 2022 misimu mitano mfululizo ilikosa mvua ya kutosha katika sehemu kubwa ya maeneo kame ya Kenya, kisha mwishoni mwa 2023 El Niño ikaleta mafuriko. Debe linadaiwa hasa pale ambapo nyumba haina hata kibaba.

Na asiye nacho? Kifungu cha 29 cha Sheria ya Elimu ya Msingi ya 2013 kinakataza mtoto kuzuiwa shule kwa kushindwa kulipa ada zinazoruhusiwa. Ila sheria haiwezi kumlinda na aibu ya kukaa kando wenzake wakipanga foleni na sahani. Hilo ndilo linaloniuma zaidi katika mpango wa debe: kushindwa kwa mzazi kunaonekana kwenye sahani ya mtoto, tena mbele ya wenzake.

Kuna pia suala la sumukuvu, sumu inayotokana na ukungu wa nafaka. Hewa ya Pwani ni ya unyevu, na mahindi yasiyokaushwa hadi unyevu wa asilimia 13.5 au chini yake huota ukungu kwa urahisi. Mwaka 2004 mahindi yenye sumu hiyo yaliua watu 125 nchini, wengi wao Ukambani. Madebe ya nyumba arobaini yakichanganywa ghalani, debe moja bovu latosha kuharibu yote.

Je, kununua ndiko kuzuri? Mwaka 2009 serikali ilianzisha mpango wa chakula cha shule kinachonunuliwa karibu: fedha ziliingia katika akaunti za shule, nazo zikatafuta nafaka jirani. Ulilenga hasa maeneo kame. Hapo ndipo Mwakirunge hupotea njiani. Kilifi na Kwale zimo katika kaunti 23 kame zinazofuatiliwa na mamlaka ya ukame, Mombasa haimo. Mkulima wa upande huu anaangalia mbingu ileile anayoangalia jirani yake wa Kilifi, lakini mpaka wa kaunti unamhesabu kuwa mtu wa mjini.

Kununua nako kuna mtego. Zabuni hudai PIN ya KRA, yaani namba ya mlipa kodi, akaunti ya benki na subira ya kungoja malipo. Mwenye ekari moja, tena asiye na hati ya ardhi anayoilima, atashindwa na mfanyabiashara wa soko la Kongowea mwenye lori. Hapo shule itakula mahindi ya mbali huku ya kijijini yakiuzwa kwa bei ya kutupa Agosti.

Kwa hiyo mimi nasimama upande wa kununua, ila muuzaji awe kikundi cha kijiji. Tangu 2013 asilimia 30 ya zabuni za serikali zimetengewa vijana, wanawake na watu wenye ulemavu. Kikundi cha akina mama kilichosajiliwa kinaweza kuingia mlango huo. Debe libaki hiari ya aliyejaliwa, na asiyejaliwa alete kuni au zamu ya kupika, mtoto wake ale sawa na wengine.

Wa kuanza ni kaunti, hata kama shule za msingi ziko chini ya serikali kuu. Katiba ya 2010 imeipa kaunti kilimo na chekechea, na mara nyingi chekechea imo katika ua uleule wa shule ya msingi. Inunue Agosti, mahindi yanapotoka shambani, iyapime unyevu na kuyahifadhi, ili Mei shule ikifunguliwa yawepo ya kupika.